Kuzuia kwa Kiingereza: block, obstruct, hinder au prevent?

Dereva mmoja anayesafirisha dagaa aliingia stesheneri kwangu, Kirumba, Mwanza, na fomu ya bima mkononi. Kenta yake ilikuwa imesimama karibu na lango la soko la samaki la Mwaloni ikipakia. Pembeni palikuwa na tope, kwa hiyo tairi za nyuma alikuwa ameziacha juu ya lami. Gari dogo lililokuwa likipita likamparuza ubavuni. Fomu ilikuwa ya Kiingereza, akaniomba nimjazie maelezo.

"Kaka, ulikuwa umeziba njia?"

"Nilikuwa nimeizuia kidogo tu, Mwalimu."

Nikaandika: "My vehicle was blocking the road." Akasaini, akaenda zake. Wiki mbili baadaye alirudi na barua. Watu wa bima walikuwa na swali moja: kama gari lako lilikuwa limeziba barabara, hilo lililokuparuza lilipita wapi?

Swali lilikuwa la haki kabisa. Nimefundisha Kiingereza sekondari kwa miaka mingi kabla ya kufungua duka hili, na bado neno moja nililolishika kwa haraka lilimfanya mtu mkweli aonekane anadanganya. Tukaandika upya: "The rear of my vehicle was partly obstructing the road." Yaani sehemu ya nyuma ilikuwa imeingia njiani, njia imepungua, lakini inapitika. Hapo maelezo yake yakaenda sawa na yale yaliyotokea.

Tangu siku hiyo, mtu akija na "kuzuia" yake niiandike kwa Kiingereza, simwandikii kabla sijamuuliza maswali. Naeleza hapa ninavyochagua, kwa ajili ya wanafunzi, madereva, wauguzi, viongozi wa vikundi na yeyote anayelazimika kuandika Kiingereza kinachosomwa na mtu asiyemjua.

Tatizo linaanzia kwenye "zuia" yetu

Zuia ni neno lenye kifua kipana. Tunamzuia mtoto asichezee maji, jiwe linazuia njia, mwajiri anazuia mshahara, askari anazuia gari, mgonjwa anazuia mkojo, mwavuli unazuia mvua. Sisi tunaelewana. Mwingereza ana neno lake kwa kila moja ya hayo, na ukimpa lisilo lake anapata picha nyingine kichwani.

Kwa hiyo usikimbilie kamusi ya Kiingereza. Rudi kwanza kwenye Kiswahili chako ujiulize: hapa nimezuia namna gani? Nimeziba? Nimekwamisha? Nimechelewesha? Nimekinga? Nimekataza? Nimeweka pingamizi? Halafu uliza jambo la pili, ambalo lingeokoa fomu ya yule dereva: bado kuna kupita, au hakuna? La tatu: kilichozuiwa ni njia, ni mtu, au ni tendo ambalo halijafanyika?

Block na obstruct

Hawa wawili ndio wanaochanganywa zaidi, kwa hiyo nitakaa nao.

Block asili yake ni gogo, kipande kizima cha mti. Ni neno lilelile tulilolichukua tukaita matofali ya saruji bloku. Lina uzito wa kitu kizima kilichokaa mahali. Kwa mtu wa Mwanza halihitaji maelezo marefu: mvua imenyesha usiku, jiwe limeporomoka kutoka mlimani na kukaa katikati ya kichochoro. "A boulder has blocked the path." Hapo hakuna kupita. Block ikisimama peke yake, bila partly wala partially mbele yake, humwambia msomaji kwamba njia imefungwa.

Obstruct limetoka Kilatini, na ndani yake kuna kitenzi kinachomaanisha kujenga, kilekile kilichozaa construct na structure. Maana yake ya mwanzo ni kujenga mbele ya kitu. Mfikirie fundi anayepanga bloku kandokando ya njia ya watu. Leo amepanga kozi mbili, unazivuka. Kesho tano, unapita ubavu. Keshokutwa labda amefunga, labda hajafunga. Siku zote hizo anastahili obstruct. Neno hili linabeba njia iliyofungwa na njia iliyobanwa, na ndiyo maana ni salama zaidi kwenye ripoti ukiwa hujui kwa hakika kama njia ilifungwa yote.

Ila si la kila mahali. Obstruct ni neno la ofisini, mahakamani, hospitalini. Ukimwambia rafiki yako "You are obstructing the door", utasikika kama unamsomea shtaka. Mwambie "You're blocking the door."

Kuna kipimo ninachokipenda: geuza neno kinyume uone linakwenda wapi. Kinyume cha block ni unblock, na hilo ni la kuzibua: unazibua sinki, unazibua bomba, unamfungulia mtu uliyekuwa umemzuia kwenye simu. Kinyume cha obstruct hakitumiki kama kitenzi, kipo kama sifa tu, unobstructed, na ni cha kitu kilicho wazi: mandhari, mwanga, njia ya kupitia. Mwenye nyumba ya kulala wageni aliye mlimani Capri Point akitaka kusema ziwa linaonekana lote, ataandika "unobstructed view of the lake". Akiandika "unblocked view", mgeni atadhani palikuwa na kitu kimeziba kikazibuliwa. Na jirani akimjengea ghorofa mbele? Kama nusu ya ziwa bado inaonekana, jengo lina obstruct. Kama kilichobaki dirishani ni ukuta, lina block.

Kwenye simu hakuna mjadala. Vijana wanasema "kanibloku", na wanasema sawasawa. Ni block, kwa sababu ujumbe haupiti hata mmoja.

Kwenye sheria, hata hivyo, obstruct ndiye mwenye nyumba. "Obstructing a police officer" haimaanishi umesimama mlangoni ukatanua mikono. Unaweza kuwa umetenda hivyo kwa kuficha kitu au kupoteza ushahidi, alimradi umefanya kazi yake iwe ngumu kwa makusudi. Vivyo hivyo "obstruction of justice". Ukiandika kwamba mtu "blocked the officer", msomaji anaona mwili wa mtu mbele ya mwili wa askari. Kama haikuwa hivyo, umemwongezea mtu kosa.

Hospitalini mambo yamegawanyika, na wanafunzi wa uuguzi wanaokuja kuchapa kazi zao hapa wananiuliza mara kwa mara. Uchungu pingamizi, pale mtoto anaposhindwa kushuka ingawa mji wa mimba unasukuma, ni "obstructed labour". Hakuna muuguzi anayeandika "blocked labour". Utumbo ulioziba ni "bowel obstruction". Lakini pua ya mafua ni "blocked nose", na mshipa wa moyo mgonjwa ataambiwa ni "blocked artery". Kanuni ninayowapa ni hii: ukizungumza na mgonjwa, block, ukiandika kwenye faili lake jina la hali yenyewe, obstruct.

Magugu maji, barua moja na vitenzi vitano

Mzee mmoja wa kikundi cha usimamizi wa uvuvi, BMU, alikuja asubuhi moja. "Mwangaluka, Mwalimu," akanisalimia kwa Kisukuma. Walikuwa wanaomba msaada wa vifaa vya kuondoa magugu maji kwenye mwalo wao. Alikuwa ameandika kwa mkono, Kiswahili kizuri, kisha mjukuu wake akatafsiri. Kila mahali pa "kuzuia" mjukuu alikuwa ameweka block. Magugu block mwalo, block injini, block wavuvi, block mwanga, block uvuvi.

Nani asiyeyajua magugu haya? Asili yake ni Amerika ya Kusini. Yalianza kuonekana kwenye Ziwa Victoria mwishoni mwa miaka ya 1980, na miaka ya 1990 yakawa janga mpaka wakaletwa mbawakawa wa kuyatafuna. Yalipungua, lakini hayakwisha. Yanakuja na upepo na kuondoka na upepo, na kwa barua ile jambo hilo lilikuwa na uzito mkubwa. Ukiandika tu "Water hyacinth blocks our landing site", anayesoma ng'ambo ataona mwalo uliokufa, usio na mtumbwi hata mmoja, na atajiuliza hawa wanavua vipi. Nilimuuliza mzee, siku ngapi mitumbwi haitoki kabisa? Akanijibu kwamba inategemea upepo: ukivuma kutoka ziwani, hakuna kutoka, ukigeuka, mnatoka kwa taabu.

Basi tukagawanya kazi.

Siku ya upepo wa ziwani ndiyo siku ya block. Mkeka wa majani umejaa ufukweni, mtumbwi hauna pa kupita.

Siku nyingine, mtumbwi unatoka lakini kasia linanasa na mwendo ni wa kusukumana. Hiyo ni impede. Ndani ya neno hili kuna mguu, kwa Kilatini pes, mguu uleule ulio kwenye pedali ya baiskeli. Kum-impede mtu ni kama kumfunga pingu miguuni: anakwenda, lakini angalia anavyokwenda. Nalipenda kwa chochote chenye mwendo, iwe chombo, gari, maji au kesi.

Injini inayovuta mizizi hadi tundu la maji ya kupoozea likajaa ni clog. Clog hutaka vitu viwili: kitu chembamba kama bomba, tundu, chujio au mtaro, na uchafu unaojijaza humo taratibu. Jiwe haliwezi ku-clog. Nywele, majani, tope na mafuta yaliyoganda yanaweza. Ukitaja kilichoziba, tumia with: "The drain was clogged with plastic bottles." Sentensi hiyo nimewahi kuiandika kwa ajili ya mfanyabiashara aliyeingiliwa na maji dukani karibu na Mto Mirongo, na ilikuwa kweli, maana chupa ndizo zilizotangulia kujaa kwenye kalavati, kisha maji yakapanda.

Mwanga unaoshindwa kufika chini ya mkeka wa majani unabaki na block. Mwanga, sauti, upepo na ishara ya simu, vyote Kiingereza huvipa block kwa kawaida.

Na uvuvi wenyewe, kama kazi, tukaupa hinder. Hinder ni ndugu wa behind: ni kurudisha nyuma. Kazi inafanyika, lakini inadumaa, inachelewa, haifiki ilikotakiwa kufika. Tofauti yake na impede ni nyembamba. Kama huna uhakika, hinder litakuvusha kwa karibu kila jambo lisiloshikika kwa mkono: maendeleo, masomo, uchunguzi, biashara.

Aya yetu ikatoka hivi: "When the wind blows from the lake, mats of water hyacinth block our landing site and no boat can leave. On other days the weeds impede small boats, clog our engines and hinder fishing. They also block sunlight from the water below." Nilimsomea kwa Kiswahili, neno kwa neno. Akatikisa kichwa kukubali, akasema sasa ndivyo kulivyo.

Prevent, na kosa la "asiende"

Prevent ni jamaa mwingine. Hana habari na njia. Habari yake ni tendo. Kilatini chake kinamaanisha kuja kabla, kutangulia. Ukisema "The storm prevented us from sailing to Ukerewe", hamkusafiri. Ukisema "The storm hindered us", mlisafiri mkachelewa, au mlisafiri mkilowa. Prevent halina nusunusu.

Hapa Kiswahili chetu kinatutega mara mbili, na katika kusahihisha madaftari sijaona kosa linalojirudia kuliko hili. Tunasema "alimzuia kwenda", kwa hiyo mwanafunzi anaandika "He prevented him to go". Si sahihi, prevent hutaka from na kitenzi chenye -ing: "He prevented him from going." Mtego wa pili ni mkali zaidi. Tunasema pia "alimzuia asiende", na ukanushi ule ni wa kawaida kabisa kwetu, unatia nguvu. Mwanafunzi anaupeleka Kiingereza: "He prevented him from not going." Sasa umesema kinyume. Umesema alihakikisha jamaa anakwenda! Prevent limekwisha kumeza "asi-" tumboni mwake, usiliongezee nyingine.

Waingereza wenyewe wakati mwingine huangusha from wakasema "prevented him going". Ukiona hivyo kwenye kitabu usishangae, lakini kwenye mtihani iandike from.

From hiyohiyo inakwenda na stop, na hinder, na bar, ambalo ni kupiga marufuku na asili yake ni komeo la mlango. Kwa block, inatumika zaidi pale mamlaka inapotoa amri: "The court blocked the company from selling the land." Kwa obstruct na impede, usiitumie. Usiandike "He obstructed me from entering." Andika "He obstructed my entry", au kwa wepesi zaidi, "He stopped me from entering."

Stop nalo ndilo ninalompa mtu anayeandika kwa haraka. Halina maringo, na hukosei nalo mara nyingi. Ila linaweza pia kumaanisha kukatisha kitu kilichokwisha anza, na prevent hawezi hivyo. Kipindupindu ambacho hakijaingia mtaani una-prevent. Kilichokwisha ingia una-stop.

Uwanjani na barabarani

Wapenzi wa mpira walio jirani na uwanja wa Kirumba hunifurahisha na swali hili: beki aliyejiingiza njiani mwa mshambuliaji wakati mpira uko mbali nao amefanya nini? Zamani kosa hilo liliitwa obstruction, na wazee bado wanaliita hivyo. Sheria za sasa zinatumia impede: kuzuia mwendo wa mpinzani. Kama hawakugusana, ni pigo huru lisilo la moja kwa moja; wakigusana, ni la moja kwa moja. Lakini block uwanjani ni sifa njema! "The defender blocked the shot" ni beki aliyejitupa mbele ya shuti, anapigiwa makofi. Kwa hiyo kwenye ripoti ya mechi angalia: ku-block shuti ni kazi, ku-impede mtu ni kosa.

Barabarani, foleni ya magari mengi ni jam au congestion. Lori lililoanguka likalala kukatiza barabara ni block. Na kungoja si kuziba. Kabla ya Daraja la J. P. Magufuli kufunguliwa Juni 2025 kati ya Kigongo na Busisi, watu walipanga foleni ya kivuko, na nimeshaona barua za udhuru zikisema "The ferry blocked me for three hours." Kivuko hakikumziba mtu, alicheleweshwa kukingoja. "I was held up at the ferry for three hours" ndiyo sentensi yake, na sasa kwa daraja la takribani kilomita 3 udhuru huo umekosa mahali.

Thwart, kwa mipango

Hili ni la vitabuni kidogo, ila lina mahali pake: mpango, jaribio, juhudi, tumaini. Kitu kimekatiza njia ya juhudi zako zikaishia hapo. Huwezi ku-thwart mlango wala barabara.

Nilimtajia yule mzee wa BMU kwa sababu thwart pia ni jina la kitu anachokijua: ubao wa kukalia unaokatiza mtumbwi kutoka ubavu hadi ubavu, pale mpiga makasia anapoketi. Alinyoosha mkono mbele yake, akaukatiza na wa pili, kama anapima upana wa mtumbwi wake. Akaniambia kwamba mara mbili walishaondoa magugu kwa mikono, kina mama na vijana, siku nzima majini, na mara zote mbili upepo ukayarudisha usiku. Hilo halikuwemo kwenye karatasi aliyokuja nayo.

Tukaliongeza mwisho wa barua: "Twice we have cleared the shore by hand, and twice the wind has thwarted our efforts." Akaniomba nimsomee mara ya pili, halafu akasaini.